Aschenputtel (1922): Sinderela aliyezaliwa na mkasi

Katuni hii haifiki robo saa. Haina sauti, haina rangi, na wahusika wake ni vivuli vyeusi visivyo na macho wala midomo ya kusema. Hata hivyo inaisimulia hadithi ya Sinderela kwa uchungu ambao filamu nyingi zilizofuata, zenye nyimbo na rangi za kila namna, zimeukwepa. Iliundwa Berlin mwaka 1922 na Lotte Reiniger, aliyezaliwa Charlottenburg tarehe 2 Juni 1899, kwa hiyo mwaka huo ndio aliotimiza miaka 23. Jina lake la Kijerumani ni Aschenputtel. Mtandaoni hupatikana pia kwa jina la Cinderella, na anayeitafuta aongeze mwaka 1922, maana Reiniger mwenyewe aliirudia hadithi hiyo hiyo mwaka 1954 na filamu hizo mbili huchanganywa mno.

Mara nyingi husifiwa kwa ukongwe wake: tazameni watu wa zamani walivyojitahidi. Sifa hiyo inaipunja. Filamu hii inafaa kutazamwa leo kwa sababu muundaji wake aliona jambo ambalo wengi waliochora Sinderela hawakuliona, kwamba hadithi hii ni ya kukata. Kuna mguu unaokatwa ili uingie katika kiatu. Kuna familia iliyopasuka baada ya mama kufa. Reiniger akaitengeneza kwa karatasi na mkasi, akahakikisha mtazamaji hasahau hata mara moja kwamba anatazama karatasi na mkasi.

Ndiyo maana kitu cha kwanza kuonekana si nyumba wala binti, bali mkasi. Mikono inashika karatasi nyeusi, mkasi unazunguka, vipande vinaanguka, na Sinderela anatokea. Hapo ndipo anapopata uhai. Katika nakala yenye maandishi ya Kiingereza, ambayo ndiyo inayoonekana zaidi, maneno ya mwanzo yamepangwa kwa vina na yanatamka wazi kwamba msimulizi wa hadithi hii ni mkasi. Mtu anaweza kudhani sehemu hii ni mbwembwe za fundi anayejionyesha. Sivyo. Imetuwekea akilini kwamba huyu binti ni karatasi, na karatasi hukatika, hupasuka na kukunjamana. Kisu kinapotokea baadaye kwenye mguu wa mmoja wa wale dada, mwili wa mtazamaji unasisimka, kwa sababu tayari ameshaona chuma kikipita katika karatasi hiyo.

Hadithi imefuata mkondo wa ndugu Grimm, si wa Charles Perrault. Tofauti hii ina uzito, na inafaa ijulikane kabla ya kubonyeza kitufe. Perrault, Mfaransa aliyechapisha toleo lake mwaka 1697, ndiye aliyetupatia boga linalogeuka gari, panya wanaogeuka farasi, mama wa ubatizo mwenye uchawi na kiatu cha kioo. Disney aliyachukua hayo yote katika filamu ndefu ya mwaka 1950, na ndiyo sura ambayo watoto wengi wa Afrika Mashariki wanaijua. Toleo la Grimm, lililotoka kwanza mwaka 1812 na kupewa namba 21 katika mkusanyiko wao, halina boga wala panya. Lina kaburi la mama, mti ulioota juu yake ukamwagiliwa kwa machozi, na ndege wanaokuja kumsaidia binti kuchambua nafaka zilizomwagwa majivuni. Dada wa kwanza anajikata kidole gumba cha mguu, wa pili anajikata kisigino, na ndege ndio wanaomwambia mwana wa mfalme kwamba kiatu kinavuja damu. Msikilizaji aliyekulia kwenye ngano zetu za yatima, mama wa kambo na mema yanayotoka kaburini kwa mama atajiona yuko nyumbani upesi zaidi hapa kuliko kwenye lile boga.

Reiniger hakuilainisha hadithi hiyo. Alijua pia kwamba vivuli vinaruhusu mambo ambayo picha zenye nyuso haziruhusu. Dada anapochukua kisu na kuupunguza mguu wake, tungeona uso wake tungegeuza macho. Kwa kivuli tunaona umbo tu: goti lililokunjwa, mkono, ncha ya chuma, mguu. Akili inajaza yaliyobaki, na akili hujaza kwa ukatili kuliko kamera yoyote. Tukio hilo ni fupi, halina mbwembwe, na ndilo lenye nguvu kuliko mengine yote isipokuwa moja.

Hilo moja ni mwisho wa mama wa kambo. Hasira zinampanda hadi anapasuka vipande viwili. Si fumbo la maneno kwamba amepasuka kwa hasira; karatasi inachanika kweli, kutoka juu hadi chini. Ndugu Grimm hawakuandika adhabu hiyo. Katika toleo lao la mwaka 1819 ni njiwa wanaowadonoa dada macho. Reiniger ameiacha adhabu ile akaleta yake, na yake inatoka moja kwa moja kwenye malighafi ya filamu. Mhusika aliyetengenezwa kwa kukatwa anamalizwa kwa kuchanika. Filamu nyingi za katuni zina wahusika wanaoweza kufa kwa namna yoyote, lakini huyu hawezi kufa kwa namna nyingine ikawa sahihi hivi.

Sasa maumbo yenyewe. Vivuli vina sheria kali: karibu kila mhusika anaonekana kwa ubavu, kwa kuwa pua, kidevu na kisogo ndivyo vinavyomtambulisha. Akigeuka kututazama usoni anakuwa doa. Reiniger anaitii sheria hii na kuichezea. Dada mmoja ni mwembamba kama ufito, mwingine ni mnene na mfupi, na tofauti hiyo inaonekana hata kwenye skrini ya simu. Sinderela yuko katikati yao, kichwa kimeinama, shingo ikionekana kuwa ndefu kidogo kuliko inavyopaswa. Huzuni yake yote iko kwenye shingo. Wanaotaka kujifunza uigizaji wa vikaragosi watazame pembe ya shingo hiyo tukio kwa tukio, waone inavyoinuka kadiri hadithi inavyosogea.

Kingine cha kutazamwa kwa makini ni matundu. Nyeusi ikipita mbele ya nyeusi, mtazamaji haoni kitu ila donge. Hili ndilo tatizo kubwa la kazi ya vivuli na kila anayeianza hukwama hapo. Mkono ukiwekwa mbele ya kifua umepotea, na watu wawili wakikumbatiana wamekuwa jiwe. Dawa yake ni mbili. Ya kwanza ni kupanga miili isigusane: mkono utoke nje ya umbo la kiwiliwili, kiwiko kiachie nafasi ya mwanga. Ya pili ni kutoboa. Marinda ya gauni, mapambo ya nywele na lesi za mikono hukatwa matundu membamba ili mwanga upite na kuchora ndani ya umbo jeusi. Reiniger alikuwa na kipaji cha ajabu katika hili. Alikata bila kuchora kwanza, na matundu yake hayaonekani kubandikwa kama mapambo. Yanasaidia kueleza kitambaa kinaangukaje na mwili uko wapi chini yake. Zipo sehemu chache katika filamu, hasa watu wanapokuwa wengi ukumbini, ambapo miili inaungana na jicho linapoteza ni nani anafanya nini. Huo ni upungufu wa kweli. Miaka michache baadaye, katika filamu yake ndefu ya Die Abenteuer des Prinzen Achmed, alikuwa ameshaudhibiti.

Kuna pia ile mipaka ya picha. Mara nyingi tukio halijazi skrini nzima. Limezungukwa na weusi, na uwazi wa katikati una kingo zisizonyooka, kana kwamba mtu amechana karatasi kwa mkono tukachungulia kupitia tundu. Matokeo yake ni makubwa kuliko gharama. Kwanza, fundi halazimiki kutengeneza mandhari pana: ukuta mmoja, dirisha, jiko, inatosha. Pili, jicho halina pa kutangatanga. Tatu, weusi wa pembeni ni ule ule wa miili ya wahusika, hivyo nyumba ya mama wa kambo inaonekana kumbana binti kutoka kila upande. Tatizo hujitokeza pale video iliyowekwa mtandaoni imekatwa ili ijaze skrini pana ya siku hizi. Kingo hizo zinapotea na filamu inapoteza nusu ya mpangilio wake. Umbo sahihi ni karibu na mraba, upana ukizidi kimo kwa theluthi moja tu. Ukiona imejaa skrini pana bila weusi wa kushoto na kulia, tafuta nakala nyingine.

Namna ilivyotengenezwa inaeleweka vizuri, kwa sababu Reiniger aliendelea na njia hiyo kwa takriban miaka 60 na mwaka 1970 akachapisha kitabu cha mafunzo. Vikaragosi hukatwa kwa kadi nyeusi na bati jembamba la risasi, vipande vikaunganishwa kwa waya mwembamba penye viungo. Risasi huongeza uzito ili kikaragosi kitulie mahali pake na kisijikunje kwa joto. Kinalazwa juu ya kioo kilichotandikwa karatasi inayopitisha mwanga, taa iko chini, kamera iko juu ikitazama chini. Kikaragosi kinasogezwa kidogo, inapigwa picha moja, kinasogezwa tena. Kwa kasi ya picha 18 kwa sekunde, ambayo ni ya kawaida kwa filamu za zama hizo, dakika 12 zinahitaji picha 12,960. Hiyo ni bila kuhesabu zilizoharibika. Kwa Prinzen Achmed, iliyotengenezwa kuanzia mwaka 1923 hadi 1926, zilipigwa takriban picha 250,000 na zikatumika karibu 96,000.

Mwalimu wa sanaa au kikundi cha vijana kinaweza kujaribu mtindo huu kwa vifaa vya dukani, na filamu hii ni kiolezo kizuri kuliko zile za baadaye kwa sababu haina tabaka nyingi. Kadi ya manila nyeusi ya gramu 200 hadi 250 kwa mita mraba inatosha. Kikaragosi kiwe na kimo cha sentimita 20 hadi 25. Kikiwa kidogo zaidi, viungo vinakuwa vigumu kushika na kosa la milimita moja linaonekana kama kuruka. Mhusika mwenye miguu huru anahitaji vipande 15: kichwa kimoja, kiwiliwili viwili, kila mkono vitatu, kila mguu vitatu. Mwanamke mwenye gauni refu anaweza kupunguziwa miguu, na ndiyo hila inayotumika sana katika vivuli, lakini gauni lisiwe kipande kimoja. Likiwa kipande kimoja anateleza kama sanduku. Likatwe vipande viwili au vitatu vinavyopandana ili upindo ubaki nyuma kidogo mwili unapotangulia.

Penye kiungo, kila kipande kiwe na mviringo wa karibu sentimita moja unaopandana na mwenzake. Toboa kwa sindano katikati ya miviringo yote miwili, pitisha waya, kisha uuzungushe ukalala bapa pande zote mbili. Waya ukiwa umekaza mno, mkono unagoma na kisha unaruka. Ukiwa umelegea, mkono unateleza peke yake unapogusa bega. Kipimo chake ni kwamba ukikishika kikaragosi kwa kichwa, viungo vilegee polepole, visianguke kwa ghafla. Bati la risasi lisitumike nyumbani wala shuleni kwa sababu ni sumu. Ukanda wa bati la kopo la soda, uliozungushiwa utepe wa gundi ili kingo zisimkate mtu, unafanya kazi hiyo nyuma ya kifua na chini ya gauni.

Katika kukata, mkono wa mkasi utulie na mkono wa karatasi ndio uzunguke. Reiniger alikata hivyo, na ndiyo sababu mistari yake haina pembe za kusitasita. Matundu ya ndani yakatwe kabla ya kingo za nje, karatasi ikiwa bado nzima na ina nguvu. Ukikata umbo la nje kwanza, shingo inakunjika ukiwa unatoboa ukosi.

Kioo cha unene wa milimita 5, upana wa sentimita 60 kwa 40, kinabeba tukio la watu wawili. Taa ya LED iwekwe angalau sentimita 30 chini yake. Ikiwa karibu zaidi, katikati panang'aa na pembeni panafifia. Balbu ya waya ya zamani huchemsha kadi nayo inajikunja, na kikaragosi kilichojikunja huacha ukungu wa kijivu kwenye kingo zake. Simu ifungwe juu isitikisike, na vipimo vyake vya mwanga na ukali wa picha vifungwe pia, la sivyo kila kikaragosi kinaposogea simu itajirekebisha na filamu itapepesa. Kazi ifanyike dirisha likiwa limezibwa, maana wingu moja likipita linaonekana kwenye picha. Picha 12 kwa sekunde zinatosha kwa wanaoanza, yaani 720 kwa dakika moja. Atakayezipiga hizo 720 ataitazama filamu ya Reiniger kwa macho mengine, hasa pale ndege wengi wanaposogea kwa pamoja na kila mmoja ana mwendo wake.

Turudi kwenye filamu, maana si kamilifu. Mwana wa mfalme ni dhaifu. Ana vazi zuri na mkao mzuri, lakini hana shingo kama ya Sinderela. Hakuna pembe ya mwili wake inayotueleza anataka nini. Tunamwamini kwa sababu ngano inatuambia tumwamini. Tukio la karamu limejaa mapambo, na ni kweli kila pambo ni kazi ya mkono ya kustaajabisha, ila simulizi inapumzika pale kupita kiasi huku sehemu ya kaburini, ambayo ndiyo moyo wa toleo la Grimm, inapita upesi. Mwendo wa miguu bado una kigugumizi mahali mahali. Maandishi nayo ni mengi kuliko yanavyohitajika kwa hadithi ambayo dunia nzima inaijua, na vina vyake vya Kiingereza vinalegea hapa na pale.

Kinachoshangaza ni kwamba mwaka huo huo wa 1922, upande wa pili wa bahari, Walt Disney naye alikuwa akitengeneza Sinderela yake fupi isiyo na sauti huko Kansas City, katika kampuni yake ya Laugh-O-Gram iliyofilisika mwaka uliofuata. Hiyo ni ya kuchorwa kwa mistari. Binti ana rafiki ambaye ni paka, mwana wa mfalme anawinda dubu, na kila dakika kuna kichekesho. Nayo inapatikana na ni fupi. Kuzitazama zote mbili kwa mfuatano kunafundisha zaidi ya mhadhara. Ya Kansas City imeichukua ngano kama kamba ya kutundikia vichekesho. Ya Berlin imeingia ndani ya ngano na kukaa humo. Kwa kucheka, Disney anashinda bila ubishi. Lakini ukimuuliza mtoto baada ya wiki moja anakumbuka nini, atakutajia mama aliyepasuka.

Ya mwaka 1954 ni jambo jingine. Reiniger alikuwa amehamia London na akafanya mfululizo wa ngano na kampuni ya Primrose Productions. Ufundi umekomaa, viungo vinatiririka, mandhari ina ngazi mbalimbali za kijivu, na kuna sauti ya msimulizi na muziki. Kwa mtoto mdogo, au kwa anayetaka kuona umahiri wa vidole vyake vikiwa vimebobea, hiyo ndiyo ya kuanza nayo. Lakini imelainishwa, kama ilivyotarajiwa kwa kazi ya televisheni ya watoto ya wakati huo. Ya 1922 ina ukali wa kijana aliyekuwa bado akigundua nini kinawezekana, na kwangu ukali huo unashinda ulaini wa vifundo.

Kuhusu nakala, jambo la kukagua kwanza ni urefu. Nakala nzuri ni ya dakika 12 hadi 13. Filamu za zama zile hazikuwa na kasi moja rasmi, na mtu akiichukua filamu ya picha 18 kwa sekunde akaicheza kwa 25, dakika 12 zinashuka hadi dakika 8 na sekunde 38. Watu wanatembea kama wamekanyaga moto, na huzuni yote inageuka kichekesho. Nakala ya chini ya dakika 10 ama imekimbizwa ama imekatwa. Iliyokimbizwa inaweza kuokolewa: kwenye YouTube chagua kasi ya 0.75, kisha zima sauti, kwa sababu muziki uliobandikwa utaburuzika. Iliyokatwa haiokoleki. Hakikisha mambo matatu yamo: mkasi wa mwanzo, kisu cha dada, na kupasuka kwa mama wa kambo. Wapo waliopunguza hayo kwa kudhani wanawalinda watoto, na wanachobakiza hakina maana.

Muziki wowote unaousikia umeongezwa na mtu mwingine baadaye, na ubora wake hutofautiana sana. Piano peke yake inakaa vizuri. Okestra nzito inaziponda picha, kwani maumbo membamba namna hii hayabebi ngoma kubwa na matarumbeta. Kama muziki haukupendezi, uzime bila wasiwasi, hutaharibu chochote alichokiweka Reiniger.

Na hapa ndipo sisi tuna faida ambayo watazamaji wa sehemu nyingi hawana. Kwetu mtu anayesimulia filamu kwa sauti yake mwenyewe si kitu kigeni. DJ Afro amefanya hivyo Kenya kwa miaka, VJ Jingo Uganda, na vibanda umiza vya Tanzania vimelea wasimulizi wa aina hiyo. Filamu yenye maandishi ya Kiingereza kati ya picha, isiyo na sauti ya kuzuia, imetengenezwa kana kwamba inamsubiri msimulizi wa Kiswahili. Kwa darasa au ukumbi mdogo, msimulizi aitazame mara kadhaa kabla, atafsiri maandishi kwa maneno yake, na ayaseme maandishi yanapokuwa kwenye skrini tu. Kosa la kawaida ni kusema mfululizo. Picha za vivuli zinahitaji muda wa jicho kutambua umbo, na mdomo ukiendelea jicho linaacha kazi hiyo kwa sikio. Pale mkasi unapokata mwanzoni asiseme neno, na vivyo hivyo kwenye kisu.

Umri? Kuanzia miaka 7 au 8 kama kuna mtu mzima karibu. Wadogo zaidi hupata shida, si sana kwa ule mguu, bali kwa sababu bado hawajazoea kusoma vivuli na wanachoka mapema. Wakubwa wa sekondari huipenda kupita inavyodhaniwa, hasa wakipewa mkasi na kadi baada ya kuiona.

Anayetaka kuionyesha hadharani ajue kwamba Marekani filamu hii imeshatoka kwenye ulinzi wa hakimiliki kutokana na mwaka wake, lakini Ujerumani hakimiliki huendelea miaka 70 baada ya kifo cha mtunzi, na Reiniger alifariki tarehe 19 Juni 1981, hivyo ulinzi unafika mwisho wa mwaka 2051. Sheria za nchi zetu zina hesabu zake na ni vizuri kuuliza ofisi ya hakimiliki kabla ya kuuza tiketi. Muziki uliobandikwa una haki zake pekee, na mara nyingi huo ndio unaosababisha video kuondolewa. Mkiwa na mpiga kinanda, au hata mpiga zeze anayejua kufuata picha, zimeni ule wa kwenye video na mtumie wenu.

Kwa nyota tano ningeipa nne na nusu. Nusu iliyokatwa ni ya mwana wa mfalme na ile karamu.